Selimundu haitoki kwa mama peke yake

Hapa Bukavu, mtoto anapovimba vidole na kulia usiku kucha, bado wapo wakwe wanaodai kwamba ugonjwa umeletwa na mama, au kwamba ukoo wake umelaaniwa. Si kweli, na maneno hayo yanaumiza sana. Selimundu, ugonjwa wa damu ambao wengi wetu tunauita SS, hurithiwa kwa baba na mama kwa pamoja: wazazi wote wawili wakiwa AS, yaani kila mmoja amebeba jeni moja ya ugonjwa huo, ingawa wenyewe kwa kawaida hawaugui, kila mimba ina uwezekano wa asilimia 25 wa kuzaa mtoto mgonjwa, hata kama kaka zake ni wazima. Mtoto huyo anywe maji mara kwa mara, avalishwe sweta baridi ya Ziwa Kivu inapoingia, na akipata homa apelekwe hospitalini siku hiyohiyo.