Gari la umeme: mnamwogopa mwizi wa kwenye intaneti, wa kwenye kitasa mnamwacha

Tangu nianze kutembelea hii Nissan Leaf yangu ya umeme hapa Dodoma maswali ya watu ni mawili tu. La kwanza ni linaenda kilomita ngapi, hilo nimeshalichoka. La pili huwa wanauliza kwa sauti ya chini kama vile gari litasikia: "Sasa hili si mtu anaweza kulifungua akiwa hukohuko China na kompyuta yake?" Kwanza gari lenyewe limetoka Japani, pili hapana. Ila nikimwangalia huyohuyo anayeniuliza, ufunguo wa Harrier yake ya batani ameutundika kwenye msumari pembeni ya mlango wa sebuleni, na gari liko hatua tatu kutoka hapo. Ngoja niyaseme yote leo.

Tuanze na hilo la wadukuzi, mana lina chembe ya ukweli ndani yake. Februari 2016 jamaa wawili, Troy Hunt wa Australia na Scott Helme wa Uingereza, walionyesha kwamba apu ya Nissan Leaf ilikuwa haiombi uthibitisho wowote wa maana, ukiwa na namba ya chasisi ya gari tu unaingia. Na namba yenyewe kwenye magari ya kule mtu anaisoma kwenye kioo cha mbele amesimama zake barabarani. Aibu tupu. Lakini uliza waliweza kufanya nini: kuwasha na kuzima AC na kuangalia gari lilitembeaje siku hiyo. Mlango haukufunguka, gari halikusogea hata inchi. Habari ilipotangazwa Nissan wakaizima ile apu. Kwahiyo ndiyo, kampuni zinaweza kuzembea, ila kutoka hapo mpaka kusema gari litaondoka lenyewe usiku kwa amri ya mtu wa mbali, hapana, hiyo ni hadithi ya kijiweni.

Na kwa sisi wa mitumba ya Japani kuna kichekesho zaidi. Kile kidude cha mawasiliano ndani ya gari kilifungwa kwa ajili ya mtandao wa simu wa kwao, huku hakishiki kitu. Gari haliongei na mtu yeyote, si mdukuzi si wewe. Sasa utakuta mtu huyohuyo anayeogopa wadukuzi anajipa moyo kwamba "likiibiwa nitaliona kwenye simu". Utalionea wapi baba? Kama hujafungiwa traka yenye laini ya hapahapa, huna kitu. Mwenye gari jipya lenye apu inayofanya kazi yeye ana kazi nyingine, neno la siri lake na simu yake ndo funguo, na kama amenunua kwa mtu ahakikishe yule wa kwanza amejitoa kwenye akaunti mbele ya macho yake, asiridhike na "nitafuta nikifika nyumbani".

"Basi Tesla, zile haziibiki." Nani kakwambia? Mwaka 2018 watafiti wa chuo kikuu cha KU Leuven, Ubelgiji, waliiga ufunguo wa Model S ndani ya sekunde chache kwa vifaa vya kununua dukani, sababu siri iliyokuwa ndani ya ule ufunguo ilikuwa fupi mno, biti 40 tu. Tesla wakaleta ufunguo mpya na wakaweka na namba ya siri unayobonyeza kabla gari halijakubali kuondoka. Hiyo namba ya siri mi naipenda kuliko alamu zote, mana hata mwizi akiwa na ufunguo wako mkononi anabaki amekaa kwenye siti anaangalia kioo.

Sasa lile lenye madhara kweli. Watu wanadhani ufunguo wa smati ukiwa ndani ya nyumba uko salama, kwamba mwizi mpaka aingie ndani auchukue. Hapana. Ule ufunguo unasikiliza muda wote, mtu akigusa kitasa gari linauliza kwa mawimbi ya redio "upo?" ufunguo unajibu "nipo", na mazungumzo yao yametengenezwa yawe ya karibu sana, kwa Leaf ni kama sentimita 80 kutoka kwenye kile kibatani cha mlangoni. Wanachofanya wezi, na Uingereza wamesumbua sana kwa staili hii, wanakuja wawili. Mmoja anasimama na kifaa karibu na mlango au dirisha la nyumba, mwenzake yuko na kingine kwenye kitasa cha gari. Vile vifaa vinarefusha sauti ya gari mpaka ilipo funguo, kama watu wawili wanaopokezana maneno juu ya ukuta. Gari linaamini mwenye nyumba amesimama pale, linafunguka, linawaka, wanaondoka. Hakuna kioo kilichovunjwa, hakuna alamu. Na hili halina uhusiano wowote na umeme au petroli, lolote lenye ufunguo wa kukaa mfukoni na batani ya kuwashia linahusika, ndo mana nikamtaja yule wa Harrier. Magari mapya yanaanza kutumia redio inayopima muda ambao jibu la ufunguo limechukua kufika, jibu likichelewa kidogo tu gari linakataa. Haya yetu hayana hiyo.

Dawa yake ni bati, linayazuia yale mazungumzo yasitoke. Kopo la maziwa ya unga au la biskuti lenye mfuniko unaobana. Ila usiweke ufunguo ukaenda kulala umeridhika, ufanyie mtihani: funga gari, tia ufunguo kwenye kopo, funika, lipeleke mpaka ubavuni mwa mlango halafu bonyeza kibatani cha kitasani. Likifunguka hilo siyo kopo, ni pambo. La kwangu la kwanza lilifeli, mfuniko ulikuwa umepinda.

Lingine, "nimebonyeza rimoti basi limefunga". Hapa ndo penye vibaka wa kawaida kabisa, hasa paking zenye watu wengi kama sokoni pale Majengo au stendi Nzuguni. Mtu akiwa na kifaa kinachopiga kelele kwenye masafa ya rimoti, wewe unabonyeza huku unatembea unaongea na simu, gari halisikii, unaondoka limeachwa wazi, anakuja anachukua begi na laptopu kwa utulivu kama vyake. Kwahiyo usiondoke mpaka umeona taa zimewaka na umesikia vile vitasa vimejibana, kha! Ukishasikia hiyo kha, vuta mlango. Ila hapa kuna mtego, magari mengine ukigusa kitasa huku ufunguo uko mfukoni yanafunguka yenyewe, mtu anasema mbona loki mbovu, anaenda kwa fundi, fundi naye anabadilisha kitasa kizima cha watu. Mpe mwenzako ufunguo asogee pembeni, kisha ndo uvute.

Alafu ukimya. Wengi tumezoea gari lisilonguruma limezimwa. Mke wangu aliingia kununua nyanya na mchicha, kurudi baada ya kama dakika 20 anakuta ndani baridi kama friji, AC inapuliza, gari limewaka muda wote. Nikamuuliza hukusikia likipiga pi pi pi uliposhuka? Akasema alisikia ila alijua ni bajaji inarudi nyuma. Sasa jua hili: likishawashwa, gari la namna hii halizimiki kwa sababu ufunguo umeenda mbali, litalalamika tu kwenye dashibodi. Mtu angekaa akatia gia angefika hata Kongwa kabla hajalazimika kulizima. Bonyeza batani, hakikisha dashibodi imekufa, ndo ushuke.

Nije kwenye kilichonikuta mimi, mana hapa ndo dhana kubwa kuliko zote: kwamba betri kubwa ikiwa na chaji basi milango itafunguka. Nilipanda SGR kwenda Dar, nilikuwa nikae siku tatu nikakaa wiki mbili, gari nimeliacha hapa Ilazo na chaji zaidi ya nusu. Kurudi, asubuhi nabonyeza rimoti, kimya. Nabonyeza batani ya mlangoni, kimya. Jirani yangu Baba Neema akatoka na mswaki mdomoni, akatingisha kichwa, "Umeme umeisha huo, nilikwambia jirani." Haukuisha. Milango, alamu, kompyuta, hata zile swichi kubwa za kuunganisha betri ya chini, vyote vinaishi kwenye betri ndogo ya volti 12 kama ya gari lolote, na ile ndo ilikuwa imekufa. Ilikuwa ya zamani tangu Japani na jua la Dodoma halijaihurumia.

Akaitwa fundi, akaja na waya na kabari, anataka kutanua mlango. Nikamwambia subiri kwanza dogo. Ndani ya rimoti kuna ufunguo wa chuma mdogo, unasogeza kikufuli cha pembeni unauchomoa. Wengi hawajawahi kuuona tangu wanunue gari. Nikauchomoa kwa mbwembwe zote, nikautia kwenye tundu la mlango wa dereva, hauzunguki. Tundu lile halijawahi kutumika, limejaa vumbi la huku mnalijua, lile jekundu laini kama unga. Fundi akataka kumwaga oili, nikakataa, oili itashika vumbi jingine iwe tope. Nikachukua penseli ya mtoto nikachonga ile risasi yake ikawa unga, nikaupaka kwenye ufunguo, ingiza toa ingiza toa, mara ya sita ukazunguka. Nikavuta boneti kwa ndani, tukabusti kwa waya kutoka kwenye betri ya IST ya Baba Neema, gari likawaka na chaji yake yote ipo kama nilivyoiacha. Yeye mswaki bado mdomoni.

Kwahiyo betri ndogo ipime kila mwaka, ni ya bei ya kawaida. Ule ufunguo wa chuma ujaribu leo kabla hujauhitaji. Na rimoti yenyewe ina kibetri cha duara kama cha saa, kikifa gari halijafa, kwa Leaf unagusisha rimoti kwenye batani ya kuwashia huku umekanyaga breki, kisha unaibonyeza linawaka. Mnapobusti shikeni nguzo za betri ndogo tu, zile nyaya za rangi ya machungwa chini ya boneti msiziguse kabisa, ule siyo umeme wa kuchezea.

Usiku wa chaji nao una yake. Ni kweli waya ukiwa umechomekwa gari halikubali kuondoka, ila mwizi ana mikono, anauchomoa. Na mara nyingi hataki gari, anataka ule waya, shaba ile. Leaf za mwanzo plagi yake haina loki ya umeme, unabonyeza kile kikono unavuta imetoka. Angalia vizuri kwenye kikono, nyingi zina kitundu cha kupitisha kufuli dogo lile la begi la shule. Limenitosha mpaka leo. Kwa zenye loki ya plagi ingia kwenye mipangilio uone imewekwa ibane muda gani, mana kuna inayoachia chaji ikishajaa, yani saa nane ya usiku wewe umelala waya unabaki unaning'inia bure.

"Si watakuja kuiba ile betri kubwa?" Ya Leaf ndogo inakaribia kilo 300, imefungwa kwa bolti chini ya sakafu. Mwizi wa kuishusha kimyakimya uani kwako akiweza mpe na kazi. Wanachotaka ni saiti mira zako kama wanavyotaka za kila mtu, kwahiyo kachore namba ya gari kwenye vioo na kwenye taa.

La mwisho ni ufunguo mmoja. Gari la mtumba likija na ufunguo mmoja watu wanashukuru Mungu wanaendelea. Mimi nilijiuliza wa pili uko kwa nani. Gari halijui sura yako, linajua funguo zilizoandikishwa ndani yake, Leaf inapokea mpaka nne, na hujui katika mikono yote iliyopita kuanzia bandarini mpaka lilipopandishwa kwenye lori kuja Dodoma nani alibaki na nini. Nikatafuta fundi mwenye mashine ya kusoma gari, akafuta funguo zote, akaandikisha upya ule nilionao na mwingine mpya. Alipomaliza akaniuliza huo wa pili niuweke wapi, ndani ya gari kwenye droo? Nikamwangalia. Akacheka mwenyewe, akanipa.