Britney na ngoma yake ya kwanza: stori za kitaa na ukweli wenyewe

Kila ikipigwa "...Baby One More Time" ya Britney Spears, yule mwimbaji wa pop wa Marekani, lazima atokee mjuaji aanze kuhadithia, na nusu ya anayosema ni chai.

Chai kubwa kuliko zote ni eti Britney Spears alikuwa mdoli tu, mabosi wa lebo wakamvisha sare ya shule wakamwambia haya cheza. Sivyo bana. Dairekta wa video, Nigel Dick, alikuja na wazo la mambo ya katuni, Britney akaligomea, akasema yeye anataka shule, wanafunzi wamechoka darasani kengele ikilia wanatoka koridoni kucheza, sare na yale mashati ya kufunga fundo tumboni ni yeye pia. Nguo zenyewe zilitoka Kmart, duka la bei chee kabisa, na yule mwalimu mnayemuona darasani ni Felicia Culotta, msimamizi aliyekuwa anasafiri naye kumwangalia maana alikuwa bado mtoto wa miaka 16.

Sasa wengine wanapitiliza upande wa pili, eti ngoma aliiandika mwenyewe. Hapana, ni Max Martin, Mswidi, na wala hakumlenga yeye, kundi la TLC ndio walipelekewa kwanza wakaikataa (sijui walilalaje baadaye), ndo ikamwangukia binti wa Kentwood, Louisiana, akapandishwa ndege mpaka Stockholm 1998 kurekodi kwenye studio ya Cheiron.

Halafu kuna wale wa "sauti ile ni mashine". Sikilizeni ule mwanzo, piano noti tatu halafu "oh baby baby" inakuja imekwaruza kama mtu kaamka saa hiyohiyo. Mwenyewe alishasimulia kwamba usiku wa kuamkia kurekodi alikesha makusudi anasikiliza wimbo wa Tainted Love wa bendi ya Soft Cell, alitaka sauti iingie studio imechoka. Mtoto wa 16 anawaza hivyo, mnaniambia mdoli?

Ile "hit me" ya kwenye kiitikio sio kuomba kipigo, Max Martin alidhani vijana wa Marekani wanasema hivyo wakimaanisha nipigie simu, ila lebo ya Jive nayo iliingia baridi ndo maana kwenye jina wakaiondoa wakaweka vinukta.

Na hakuibuka tu usiku mmoja jamani, alishapita Star Search, shindano la vipaji la TV, akiwa na miaka 10, akapita kipindi cha watoto cha Mickey Mouse Club na kina Justin Timberlake, na hiyo 1998 alizungushwa kuimba kwenye shopping mall za Marekani watu wakiwa na mifuko yao ya manunuzi. Ngoma ikashika namba 1 kwenye chati za Billboard za Marekani mwisho wa Januari 1999, albamu nayo namba 1 wiki hiyohiyo.

Ah, na ile Grammy ya msanii mpya ya mwaka 2000 mnayosema alibeba, hakubeba, alibeba Christina Aguilera.