"Yeye mwenyewe": maana yake katika filamu za historia ya siasa ya Ufaransa

Majina yanapopita mwishoni mwa filamu, mbele ya jina la mwigizaji huandikwa mhusika aliyemwigiza. Kwenye filamu ya makala, mahali hapo huandikwa "yeye mwenyewe". Maana yake ni kwamba huyo uliyemwona hakuigiza mtu: sura ni yake, jina ni lake, na maneno aliyosema atayajibia yeye.

Mfano ninaoupenda ni Le Chagrin et la Pitié, filamu ya Marcel Ophuls ya 1969, yenye zaidi ya saa nne, kuhusu mji wa Clermont-Ferrand wakati Ufaransa imekaliwa na Wajerumani katika Vita Kuu ya Pili. Pierre Mendès France, aliyekuja kuwa waziri mkuu mwaka 1954, yumo kama yeye mwenyewe. Anasimulia alivyotoroka jela mwaka 1941. Ameshapanda ukuta, yu tayari kuruka, kumbe chini ya mti wamesimama kijana na msichana. Kijana anajua anachotaka, msichana bado anasitasita. Ikabidi mfungwa angoje huko juu mpaka wakubaliane. Jambo kama hilo hulikuti kwenye jalada la serikali. Analo aliyekuwa juu ya ukuta.

Lakini humohumo yumo mwenye duka anayeulizwa kuhusu tangazo alilotoa gazetini enzi hizo, kuwajulisha watu kwamba yeye si Myahudi. Anajieleza, anajitetea, na kamera haimwachii. Naye ni yeye mwenyewe. Kwa hiyo maneno hayo hayakuhakikishii kwamba kinachosemwa ni kweli. Yanakuhakikishia nani anakisema. Tena anakisema robo karne baada ya vita, akijua nani alishinda.

Philippe Pétain, aliyeongoza serikali ya Ufaransa iliyoshirikiana na Wajerumani, naye anaonekana, ila alikufa mwaka 1951. Yake ni picha za maktaba, zilizopigwa kwa shughuli nyingine kabisa. Kwangu hiyo ni tofauti kubwa: hakuketi mbele ya Ophuls, wala hakuulizwa swali.

Kuna pia anayefuatwa na kamera mambo yakiwa bado yanatokea. Mwaka 1974 mtengenezaji filamu Raymond Depardon alimfuata Valéry Giscard d'Estaing kwenye kampeni za urais, bila mahojiano yoyote. Giscard ndiye aliyeiagiza filamu na kuigharimia, na ndiye aliyeizuia alipoiona. Watu waliiona mwaka 2002. Ya Ophuls nayo ilikataliwa na televisheni ya taifa, ikaonyeshwa sinema mwaka 1971, na kwenye televisheni ya Ufaransa ikafika 1981. Mwanasiasa akiigizwa, bado ana nafasi ya kusema, "Huyo si mimi." Giscard hakuwa nayo.