Macho mekundu ya bibi hayana uchawi

Dhana: Kikongwe mwenye macho mekundu ni mchawi.

Ukweli: Ni moshi. Kati ya dhana potofu kuhusu wazee, naanza na hii kwa sababu imeua. Huko Tanzania, katika mikoa ya Shinyanga, Geita, Simiyu na Tabora, vikongwe wamekatwa mapanga kwa ajili ya rangi ya macho yao.

Usukumani, eneo la Wasukuma katika ukanda huo, miti ilifyekwa miaka mingi, kufukuza mbung'o na kupisha mashamba ya pamba, hadi serikali ikaanzisha mradi wa HASHI (Hifadhi Ardhi Shinyanga) mwaka 1986 ili kuirudisha. Kuni zikiadimika, akina mama hupikia mashina ya pamba na kinyesi cha ng'ombe kilichokauka, ambacho moshi wake unawasha vibaya. Binti aliyeanza kupika na miaka 10, akifika 70 ameinamia mafiga kwa miaka 60, tena katika jiko lisilo na dirisha. Ongeza vumbi la kiangazi na vikope (trakoma), ugonjwa unaoenezwa na mikono, vitambaa na nzi, unaowaandama zaidi wanawake kwa kuwa ndio wanaoshinda na watoto wadogo. Babu wa nyumba hiyohiyo mara nyingi macho yake hayajafikia hali hiyo. Yeye hakupika. Bibi anahitaji mganga wa macho wa hospitali, maji ya kunawa uso na jiko lenye bomba la kutolea moshi.

Dhana: Wazee wa kijijini hukaa tu wakingoja hela za watoto.

Ukweli: Mara nyingi mzigo ndio unaoelekea mjini: michembe (viazi vitamu vilivyokaushwa), karanga, jogoo aliyefungwa miguu. Na wajukuu walioachwa nyumbani wanalelewa na nani? Bibi huwaandalia uji kabla ya shule. Babu hufungulia ng'ombe, husokota kamba, na usiku huamka fisi akilia karibu na zizi.

Dhana: Kila mzee ana pensheni.

Ukweli: Mkulima hakuwa na mwajiri wa kumkatia michango. Zanzibar ilianza pensheni jamii mwaka 2016 kwa kila aliyetimiza miaka 70, awe aliajiriwa au la.

Dhana: Matibabu yao ni bure, basi yamekwisha.

Ukweli: Sera ya Taifa ya Wazee ya mwaka 2003 inamtambua mzee tangu miaka 60, na msamaha wa matibabu upo. Nauli ya bodaboda hadi zahanati haimo. Dawa zikiisha pale, wanaambiwa wakanunue dukani, na hapo ndipo kuku wa mwisho huuzwa.