Je, wajua? Kuna gari linalofika kilomita 400 kwa saa bila kubadili gia hata mara moja

Jaribu kuondoa gari la manyuali likiwa kwenye gia ya tano. Ukiachia klachi, gari litatetemeka mara mbili tatu, litakohoa, kisha litazima. Kila aliyewahi kukosea gia taa ikiwa imeshawaka kijani na honi zikilia nyuma yake anaijua aibu hiyo.

Koenigsegg, kampuni ndogo ya Uswidi iliyoanzishwa mwaka 1994 na Christian von Koenigsegg, ilitengeneza gari ambalo kila siku linaondoka kwa gia ya namna hiyo. Linaitwa Regera, neno la Kiswidi lenye maana ya kutawala. Lilioneshwa kwenye maonyesho ya magari ya Geneva mwaka 2015, na kampuni ikasema yatatengenezwa 80 tu. Lina injini ya petroli, lina mota tatu za umeme, lina nguvu za farasi zaidi ya 1,500. Giaboksi halina.

Inawezekanaje?

Kwanza tujiulize giaboksi yenyewe ni ya kazi gani. Injini ya petroli ina udhaifu mmoja mkubwa: ikizunguka polepole haina nguvu, na ikisimama haina kitu kabisa. Lazima iwe tayari inazunguka ndipo ifanye kazi. Kwa hiyo gari likiwa limesimama unahitaji gia ya kwanza, ambapo injini huzunguka mara kumi au zaidi ili tairi lizunguke mara moja. Nguvu inaongezeka, mwendo unapungua. Ukishachanganya mwendo unapanda gia ya pili, ya tatu, mpaka juu, ili injini isipasuke kwa kukimbizwa.

Kwenye Regera, tairi la nyuma likizunguka mara moja injini inazunguka mara 2.73. Hivyo tu, kuanzia gari linapoanza kutembea hadi mwisho wa mwendo wake. Chukua karatasi tupige hesabu. Matairi ya nyuma yana kimo cha sentimita 71 na ushee, kwa hiyo mzunguko mmoja unalipeleka gari mbele karibu mita 2.25. Kwa kilomita 400 kwa saa, tairi linazunguka kama mara 2,970 kwa dakika. Zidisha kwa 2.73, unapata 8,100 hivi. Injini ya Regera, V8 (yaani ya silinda nane) ya lita 5 yenye turbo mbili, zile feni zinazoisukumia injini hewa zaidi, ukomo wake ni mizunguko 8,250 kwa dakika. Yaani wahandisi waliichagua namba hiyo moja ili ikomee palepale injini inapokomea.

Sasa rudi chini. Kwa kilomita 50 kwa saa, hesabu hiyohiyo inaipa injini mizunguko kama 1,000 kwa dakika. Hapo iko karibu na kuzima. Chini ya hapo haiwezi kabisa, na pengo hilo ndilo umeme ulikoingizwa.

Mota ya umeme tabia yake ni kinyume cha injini. Inatoa nguvu yake kubwa ya kuzungusha papo hapo, hata ikiwa bado haijazunguka. Regera ina mota mbili nyuma, moja kwa kila tairi, kila moja ya kilowati 180. Gari likisimama na dereva akakanyaga mafuta, mota hizi ndizo zinalisukuma, na injini inajiunga nazo kadiri mwendo unavyopanda. Kwa kuwa kila tairi lina mota yake, kompyuta inaweza kulipa la kushoto nguvu zaidi ya la kulia kwenye kona. Gia ya kurudi nyuma nayo haipo. Mota zinageuza tu mwelekeo, na gari linarudi nyuma kimya kimya. Mimi huo ukimya wa chombo chenye V8 mgongoni unanifurahisha kuliko hata mwendo wake.

Mota ya tatu, ya kilowati 160, imeshikana na krankshafti, ile shafti kuu inayozungushwa na injini. Ndiyo starta, ndiyo jenereta ya kujaza betri, na ndiyo inayoziba uvivu wa turbo. Turbo huzungushwa na moshi unaotoka kwenye injini, na moshi ukiwa mchache hujivuta. Katika sekunde hiyo ya kusubiri, mota inaisukuma krankshafti yenyewe.

Limebaki swali moja. Kama injini imeunganishwa moja kwa moja na matairi, mbona haizimi gari likisimama? Katikati kuna kiungo cha mafuta. Weka mapangaboi mawili yakitazamana, washa moja: upepo wake utalizungusha la pili, ingawa hayagusani. Badala ya upepo weka mafuta mazito ndani ya kasha lililofungwa, na umekipata kiungo hicho. Gari likiwa polepole, upande wa injini unaweza kuzunguka haraka kuliko upande wa matairi na hakuna kinachovunjika. Mwendo ukifika karibu kilomita 50, klachi ya ndani inazibana pande mbili zikawa kitu kimoja, na tangu hapo hakuna nguvu inayopotelea kwenye mafuta. Ukitaka kulipita gari jingine kwa ghafla, kiungo kinaweza kulegea tena kidogo ili injini ipande mizunguko, na ndani ya gari utahisi kama mtu ameshusha gia.

Wengine waliokuwa wakitengeneza magari mseto ya aina hii miaka hiyo hawakuthubutu kwenda mbali hivyo. Porsche 918 Spyder yalitengenezwa 918, McLaren P1 yakatengenezwa 375, na LaFerrari walitangaza 499. Yote yaliongeza umeme huku giaboksi yenye gia saba ikibaki palepale, kwa hiyo gari linabeba mizigo miwili. Koenigsegg walifidia uzito wa betri na mota kwa kutoa gia zote na vyuma vinavyozishika. Gari zima lina kilo karibu 1,600, na kwa chombo chenye mitambo yote hiyo huo ni wepesi wa ajabu.

Betri inastahili kutazamwa kwa karibu. Ilitengenezwa na Rimac wa Kroatia, nayo ina kilowati-saa 4.5 tu. Ni ndogo sana, sehemu ndogo tu ya betri ya gari la umeme la kawaida. Lakini inaweza kumwaga kilowati 500 kwa mkupuo. Gawanya mwenyewe: ukiikamua hivyo mfululizo inakauka baada ya sekunde 32. Ndiyo maana imezungukwa na kimiminiko cha kuipooza, na ndiyo maana mota ya krankshafti haina likizo. Betri hii haikuwekwa kwa ajili ya safari ndefu. Imewekwa kwa ajili ya kupiga ngumi na kujazwa tena.

Boneti, milango, kofia ya injini na hata vioo vya pembeni vinafunguka vyenyewe kwa haidroliki ukibonyeza rimoti. Hayo ni mapambo, na sioni yanamsaidia nani isipokuwa mwenye kupiga picha.

Mtihani wa magari haya ni kutoka sifuri hadi kilomita 400 kwa saa, halafu breki mpaka sifuri tena. Mwaka 2019 Regera lilimaliza kwa sekunde 31.49. Mwaka 2023 Rimac haohao waliouza betri walileta gari lao la umeme mtupu, Nevera, likatumia sekunde 29.93. Mwaka huohuo Regera likarudi uwanjani na kutumia 28.81, gia yake ikiwa ileile moja.

Lililokuja kulipita mwaka 2024, kwa sekunde 27.83, ni Jesko Absolut. Linatoka kiwanda kilekile cha Ängelholm, halina mota ya umeme ya kulisukuma, na lina gia tisa.