Sauti haikai ukutani

Kazi yangu ni kusafisha rekodi za sauti za zamani, na nimeulizwa tena: "Fundi, ile mashine ya kuvuta sauti kutoka ukutani unayo?" Aliyeuliza hatanii. Ameona video inayodai kwamba kila neno lililowahi kusemwa limejiandika kwenye mawe, chokaa na hewa, na kwamba kipo kifaa cha kulisoma, kulisafisha na hata kulihariri. Anataka nimtolee sauti ya bibi yake kutoka nyumba ya mawe aliyokaa marehemu, pale Mji Mkongwe.

Kifaa hicho ni cha hadithi. Wazo lenyewe ni la zamani. Mwaka 1837 Charles Babbage, Mwingereza wa mashine za hesabu, aliandika kwamba hewa ni maktaba kubwa iliyohifadhi yote waliyowahi kutamka wanadamu, kwa kuwa mtikisiko wa chembe zake haukomi. Aliandika kabla mwanafizikia James Joule hajafanya majaribio yake ya miaka ya 1840 yaliyoonyesha jinsi mwendo unavyogeuka joto. Babbage ana udhuru. Sisi wa leo hatuna.

Sauti ikigonga ukuta wa matumbawe, sehemu inarudi chumbani, sehemu inazama kwenye vitundu na kusuguana humo mpaka inakuwa joto. Mwanafizikia Wallace Sabine alipoanza mwaka 1895 kupima ukumbi mmoja wa mihadhara wa Chuo Kikuu cha Harvard, Marekani, neno moja lilikuwa likivuma humo kwa sekunde tano na nusu hivi kabla halijafifia kabisa. Na ukumbi huo ulihesabiwa kuwa mbovu, walimu hawasikiki! Nishati haipotei, ni kweli. Kinachopotea ni mpangilio wake, na mpangilio ndio maneno.

Hapo watu hunitajia lile jaribio la mwaka 2014 la MIT, chuo cha teknolojia cha Marekani: watafiti walipiga video ya kasi ya mfuko wa chipsi kupitia kioo kisichopitisha sauti, wakapata maneno kutokana na mtetemo wa mfuko. Jaribio ni la kweli, na zuri sana. Lakini kamera ilikuwa inarekodi wakati mtu anasema. Kanuni haibadiliki: lazima pawe na kitu kilichochora ule mtikisiko pale pale ulipotokea, kikabaki na mchoro wake.

Mfano ninaoupenda ni wa Paris. Édouard-Léon Scott de Martinville alikuwa na chombo chenye utando na unywele mgumu, unywele ukichora mstari kwenye karatasi iliyopakwa masizi. Mwaka 1860 aliimbiwa, au aliimba mwenyewe, wimbo mfupi mbele yake. Hakukusudia usikilizwe, alitaka sauti ionekane kwa macho. Mwaka 2008 karatasi ile ikasomwa kwa kompyuta, ikaimba. Pembeni ya mstari wa sauti Scott alikuwa amechora pia mtetemo wa uma wa kupimia sauti, chuma cha meno mawili kinachotetemeka kwa kasi moja isiyobadilika, ndiyo maana watafiti waliweza kurekebisha mwendo wa mkono uliozungusha chombo. Hata hivyo walianza kwa kuicheza kwa kasi mara mbili, kwa sababu hesabu ya mitetemo ya uma ule inasomeka kwa namna mbili. Dunia ikasikia msichana. Mwaka uliofuata kasi ikapunguzwa, akawa mwanamume.

Tafadhali lishike hilo. Karatasi ni moja, mchoro ni ule ule, na uamuzi mmoja wa fundi ukabadilisha jinsia ya mwimbaji.

Sasa nije kwenye linaloniudhi zaidi kuliko kuta, maana hili linaumiza watu. Wanaamini kwamba chini ya kelele imelala sauti safi, nzima, inangoja kufutwa vumbi. Si hivyo. Kelele na sauti zikishapita kwenye maikrofoni moja zimekuwa wimbi moja, kama tui lililokwisha ingia mchuzini. Mvumo wa umeme natoa, kwa sababu najua ulipo: hezi 50, yaani mitetemo 50 kwa sekunde, kisha 100, kisha 150. Mkwaruzo uliokata santuri ya 78, ile inayozunguka mara 78 kwa dakika, naukamata pia, kwa kuwa unarudi kila mzunguko, karibu kila robo tatu ya sekunde. Lakini kelele ya shhh iliyoenea kote inakaa palepale zinapokaa f, s na sh za Kiswahili. Ukiikwangua sana, unazikwangua na hizo.

Na mara nyingi hazikuwamo tangu mwanzo. Laini ya kawaida ya simu ya zamani haipitishi zaidi ya hezi 3,400 hivi, wakati nguvu kubwa ya s iko juu ya hapo. Mzee anasema kwenye simu, "Yule nimemfuta." Au amesema, "Yule nimemsuta"? La kwanza limemwondoa mtu kwenye orodha, la pili limemwambia ubaya wake usoni. Kwenye rekodi tofauti hiyo haipo. Unaipeleka kwenye programu ya akili unde, inakurudishia sauti nyororo, konsonanti kali, mzee kama yuko chumbani. Imechagua moja kati ya hizo mbili. Haikusikia chochote ambacho wewe hukusikia. Imebuni kutokana na maelfu ya sauti za watu wengine. Kisha familia inakaa barazani kugombana juu ya herufi ambayo baba yao hakuirekodi.

Kile kifaa cha hadithi, basi, tunacho tayari kwa namna ya hatari zaidi: hakisomi ukuta, kinaandika juu yake.

Nami sitadai mikono yangu ni safi kabisa kwa jambo hili, kwa sababu hakuna fundi ambaye yake ni safi. Nikiondoa mlio wa mkwaruzo wa milisekunde mbili, yaani elfu mbili za sekunde, pengo hilo nalijaza kwa kukisia kutokana na pande zake. Milisekunde mbili naona ni halali. Hamsini naona ni uongo. Mpaka uko wapi katikati? Vitabu vinakupa hesabu ya kujazia pengo, havikupi jibu hilo. Siti binti Saad, mwimbaji wa taarab wa Zanzibar, alirekodi santuri zake za kwanza Bombay mwaka 1928, na sahani za enzi zile hazikuzunguka daima 78 kamili. Hakuna uma uliochorwa pembeni. Kila anayezihamisha anachagua kasi, na kwa kuchagua anaamua Siti alikuwa na sauti ya juu kiasi gani. Ninapozishika, nafuata udi na fidla, halafu napima kwa sikio, na wasiwasi hauniishi.

Kwa hiyo ukija kwangu, njoo na kanda yenyewe, au faili la kwanza kabisa, si lililopita WhatsApp mara kadhaa wala lililokwisha "safishwa" na mpwa wako. Nitakupa nakala mbili: moja isiyoguswa, moja niliyoifanyia kazi, pamoja na orodha ya kila pengo nililojaza kwa mkono wangu. Kama herufi haikurekodiwa, nitaandika hapo kwamba haimo. Usinibembeleze niiweke.