Saa moja haijui kitu

Nimeulizwa tena: "Wakati ukijikunja kidogo hapo maabara kwenu, ile saa ya atomu si itaonyesha?" Haitaonyesha. Najua picha aliyonayo muulizaji kichwani: chombo chenye mshale, wakati ukitikisika mshale unaruka, king'ora kinalia. Kwenye hadithi za kubuni kinapendeza, sina neno. Wanaonichosha ni wale wanaoamini tunacho tayari, tumekifungia ndani.

Saa ya seziamu, ndiyo hiyo saa ya atomu mnayoitaja, kazi yake ni kuhesabu mitetemo. Tangu 1967 sekunde ni mitetemo 9,192,631,770 ya seziamu 133, basi. Na kabla hujauliza: hapana, haitoi mionzi ya kukudhuru. Tuendelee.

Sasa sikiliza. Wakati ukipungua kasi mahali ilipo saa, atomu zinapungua kasi, saketi inayozihesabu nayo inapungua, na wewe unayesoma namba umo humohumo. Futi ya fundi ikinywea pamoja na kitambaa, atapima mpaka jioni na kila nguo itamtoka sawa. Ndiyo maana saa ikiwa peke yake haina la kusema kuhusu mtikisiko wowote. Tunachopima sisi ni tofauti: saa hii dhidi ya ile. Mwaka 1971 wanasayansi wa Marekani Hafele na Keating walizungusha saa za seziamu duniani kwa ndege za abiria. Jibu lilipatikana waliporudi na kuzilinganisha na zilizobaki nyumbani: za safari ya mashariki zilikuwa nyuma kwa nanosekunde (sehemu za bilioni za sekunde) 59 hivi, za magharibi mbele kwa 273 hivi. Saa za setilaiti za GPS, zisiporekebishwa, hutangulia zetu za ardhini kwa mikrosekunde (sehemu za milioni za sekunde) 38 hivi kwa siku, na setilaiti yenyewe haihisi chochote.

Hapo mjuaji mmoja hunyoosha mkono: "Mbona ile saa ya Marekani ya 2022 ilikuwa moja, na iliona tofauti ya mwendo wa wakati ndani ya kimo cha milimita moja?" Hiyo nimejibu hadi nimechoka. Walikuwa na wingu moja la atomu za stronti, ndiyo, lakini walilinganisha sehemu ya juu ya wingu na sehemu ya chini. Ni saa mbili zilizokaa kwenye chombo kimoja. Hata LIGO, mitambo ya Marekani ya kunasa mawimbi ya mvutano (mitikisiko ya anga na wakati), ambayo lazima mtu aitaje, hulinganisha mikono miwili ya kilomita 4. Niletee kipimo chochote cha namna hii, nitakuonyesha upande wa pili ulipojificha.

Kulinganisha nako kuna balaa lake. Saa mbili zikitofautiana, ipi imekosea? Huwezi kujua. Unaongeza ya tatu, unapiga hesabu tunayoiita kofia ya pembe tatu, na kila saa inapewa kelele yake, yaani kuyumba kwake yenyewe. Hesabu hiyo hudai kelele za saa zote tatu zisihusiane. Chumba kimoja, kiyoyozi kimoja, umeme mmoja, halafu zisihusiane? Mara nyingine inakupa varianzi hasi, yaani mraba ulio chini ya sifuri, kitu kisichowezekana. Vitabu hupita hapo haraka sana. Sisi tunaongeza data, ile hasi inatoweka, tunaandika ripoti. Mimi sijawahi kuridhika.

Na tofauti ikionekana kweli, mtuhumiwa wa kwanza ni kebo. Mwaka 2011 kundi la wanafizikia la OPERA lilitangaza kwamba neutrino, chembe ndogo mno, kutoka maabara ya CERN huko Uswisi zilifika Gran Sasso, Italia, umbali wa kilomita 730 hivi, nanosekunde 60 kabla ya muda ambao mwanga ungetumia. Dunia ikashangilia kifo cha Einstein, aliyesema hakuna kinachoupita mwanga. Chanzo kikubwa kilikuwa kebo ya faiba isiyokazwa sawasawa.

Kinachonikosesha raha zaidi ni UTC, wakati rasmi wa dunia. BIPM, ofisi ya kimataifa ya vipimo, huikokotoa kutokana na saa mia kadhaa za maabara mbalimbali, na saa isiyotabirika hupunguziwa uzito. Ni busara kabisa. Ila mtikisiko wa kweli ukiigusa saa moja tu, utaratibu wetu utaiona mgonjwa na kuisukuma pembeni. Kwa hiyo siwezi kukuapia kwamba hatujawahi kuutupa.

Kilicho karibu zaidi na chombo mnachokiota kiko angani: pulsari, mabaki ya nyota yanayotuma mapigo ya redio kwa mpangilio wa kutegemeka. Juni 2023 NANOGrav, kundi la wanasayansi wa Amerika Kaskazini, walitoa matokeo ya miaka 15 ya kuyasikiliza mapigo hayo. Saa zetu za duniani zikikosea, pulsari zote huonekana kuyumba pamoja kwa kiasi kilekile. Wimbi la mvutano likipita, kuyumba kwa kila jozi hutegemea pembe iliyopo kati ya pulsari hizo mbili angani. Wao waliuona mchoro huo wa pembe, na bado walisema wana ushahidi tu, hawakudai ugunduzi.